Masomo Tisa ya Mwalimu Sehemu

Jina la Mama Runinga alipewa na madiwani wenzake, tena kwa kejeli. Hoja iwe ya mitaro au ya soko, yeye angesimama kuuliza shule zisizo na mwalimu wa hesabu zitapata lini runinga ya masomo. Walicheka mpaka wakachoka, wakamwachia chumba kimoja nyuma ya ofisi za manispaa, kamera mbili na fundi mitambo mmoja. Humo kaka yake, aliyeitwa Mwalimu Sehemu kwa jinsi alivyogawanya hata andazi la chai, alirekodi masomo sitini. Shule arobaini zilimtegemea.

Wiki tano kabla ya mitihani, fundi alimpigia simu. "Mama, njoo. Usiniulize, njoo tu."

Kanda zilikuwa zimepangwa rafuni kama kawaida. Fundi akaweka moja mashineni. Badala ya Mwalimu Sehemu, akatokea meya akikata utepe. Ya pili, meya. Ya tatu, meya anapanda mti.

"Nani kathubutu?"

"Nilikuwa likizo. Aliyenishikia zamu alipewa barua." Fundi akamsogezea karatasi bila kumtazama usoni. "Kanda za zamani zitumike upya. Sahihi ni yako, Mama."

Ilikuwa yake kweli. Alikumbuka rundo la karatasi, kikao kimeshaanza, karani akimhimiza mlangoni. Akakaa sakafuni, diwani mzima, akalia kama aliyefiwa.

Kaka yake alikuwa amepigwa na kiharusi mwaka uliopita. "Wifi, hawezi," mkewe alisema mlangoni. "Akizungumza robo saa, analala kutwa."

Mama Runinga alipiga magoti kando ya kitanda, akaeleza yote, hata ile sahihi.

"Ulisoma... kabla ya kusaini?" Maneno yalimtoka moja moja, mdomo umepinda.

"Sikusoma, kaka."

"Na mimi ndiye niliyekufundisha kusoma." Akamgeukia mkewe. "Leteni ubao."

Walimrekodi sebuleni, mkewe amemwegemeza kwa mito. Dakika kumi, kisha pumziko refu. Mara nyingine jibu lilimpotea, akamtazama dada yake kwa macho ya kuomba, na dada mtu hakulijua. Walipofikisha masomo tisa, akalazwa hospitalini. Hakurudi.

Matokeo yalipobandikwa, Mama Runinga alikwenda shule ya mbali kuliko zote. Mwalimu mkuu alimwonyesha orodha ukutani. Katika hesabu, walikuwa wamefaulu wawili tu.

"Na hawa wa mwaka huu, Mama, watatazama nini?"

"Hayo tisa," alisema. "Waanze na hayo. Mimi natafuta mwalimu mwingine."

Hakujua atampata wapi.