Wiski Kwenye Nyama ya Mahafali

Marehemu baba yetu alikuwa na misimamo miwili isiyojadiliwa: trekta ni la kijani, na nyama ya sloppy joe, ile ya kusaga inayojazwa kwenye mkate, haijaiva mpaka imenyweshwa wiski mara mbili. Mara ya kwanza ni pale nyama ya kusaga na vitunguu vinapokauka na kuanza kushika chini. Unamimina, mvuke mtamu unapanda, unakwangua. Halafu sosi ya nyanya, haradali, siki na sukari ya kahawia, unaacha itokote polepole kwa saa nzima. Mara ya pili ni dakika ya mwisho kabisa, moto umeshazimwa, na hiyo haipikwi. Hiyo, baba alisema, ni ya kumjulisha mgeni kwamba amefika kwa watu.

Mimi ni Darla, na kanuni hiyo sijawahi kuivunja. Siku ya mahafali ya binti yangu Brynn nilipika ratili thelathini kwenye masufuria mawili makubwa ya umeme, yale ambayo hapa Iowa kila nyumba inalo moja na huazima la pili kwa jirani. Mwisho wa Mei mji wetu mzima hula chakula kimoja. Kila mwenye mtoto aliyemaliza shule hufagia banda la gari, hupanga viti vya kukunja vya kanisani, hutundika picha za mtoto tangu alipokuwa na jino moja, na watu huhama kutoka banda hili kwenda lile, wanakula mkate wa nyama na kusifu hali ya hewa. Jumamosi ile mtaani kwetu tulikuwa mabanda manne. Sikuwa na wasiwasi hata chembe. Nyama ya wenzangu ni sukari tupu kama jemu, basi.

Kufika saa nane mchana Bi Arlys alikuwa amerudi mezani mara ya tatu. Bi Arlys ni jirani yetu, ana miaka themanini na moja, ni Mmethodisti wa kweli kweli, na hajawahi kuweka pombe mdomoni.

"Darla, mwanangu, humu unaweka nini?"

"Mapenzi tu, Bi Arlys."

"Basi niongezee mapenzi. Na hiyo achari ya matango usiisahau."

Denny, mume wangu, alikuwa amesimama nyuma ya masufuria na mwiko mkononi, akigawa kwa madaha kama vile kapika yeye. Niliangalia foleni ikizunguka mpaka kwenye majani, nikajisikia tajiri. Ndipo gari la kijivu likaegeshwa karibu na sanduku letu la barua, na akashuka kaka yangu mdogo, Curt.

Nilitamani kupiga vigelegele. Curt anaishi Omaha, mwendo wa saa mbili, na kwa miezi kumi na minne alikuwa amekataa kila mwaliko: Krismasi, harusi ya binamu yetu, hata mazishi ya shangazi. Miezi kumi na minne ndiyo muda aliokuwa ameacha pombe. Jambo hilo tulilijua mimi na Denny peke yetu, kwa sababu alituapisha. Katika mji huu siri ya mtu hufika kwenye ghala la mahindi, kijiwe cha wakulima, kabla mwenyewe hajafika. Kadi ya mahafali nilimpelekea kwa adabu tu, naye akajibu kwa adabu kwamba hataweza kuja.

Brynn alimrukia shingoni. "Mjomba! Umekuja!"

"Nimekuja, mama. Umekuwa mrefu hivi kwa kula nini?"

Akageuka, akaangalia masufuria, na uso wake ukafunguka. Hapo ndipo nilipokumbuka. Chupa nzima ya wiski ya mahindi ilikuwa imeingia mle, nusu yake ikiwa haijaonja moto, na kaka yangu alikuwa anachukua sahani ya karatasi.

Mtu wa mahali pengine angesema: Curt, usile, ina wiski. Maneno manne. Lakini sisi hatukulelewa hivyo. Kwetu mtu akikukanyaga, wewe ndiye unayeomba radhi kwa kuweka mguu pale. Nikaenda mbio, nikamshika kiwiko.

"Umechoka na safari. Kaa hapa kivulini nikuletee saladi ya viazi."

"Nimetoka Omaha, dada, sijatoka Uchina."

"Kuna paja la nguruwe pia. Limekatwa vizuri, jembamba."

"Paja la nguruwe nakula hata kwangu. Mimi nimefuata nyama ya baba." Akaingia kwenye foleni, nyuma ya Bi Arlys.

"Leo imeungua chini," nikasema.

Denny alisikia, na hakuna kinachomuuma mwanamume yule kama kusingiziwa kuunguza. "Imeungua wapi? Hebu ona, shemeji! Safi kabisa."

"Sijala nyama kama hii tangu nizaliwe," Bi Arlys akatoa ushahidi bila kuulizwa.

Nikamfinya Denny ubavuni.

"Aa! Mbona unanifinya?"

Nilimkazia macho, nikaitazama nyama, nikamtazama Curt, nikarudi kwenye nyama. Mke mwingine angeeleweka. Denny alidhani nataka achote nyingi zaidi. Alijaza mkate mpaka ukafumuka, akamwekea kaka yangu sahanini, na kwa wema wake akaongeza mwiko mwingine juu. Baadaye aliniambia kwamba siku zote alidhani wiski huisha na mvuke. Ya kwanza, nikamwambia, si ya pili! Lakini hilo ni la baadaye.

Wakati ule niliona mkate tu. Curt aliuinua. Nikamnyang'anya sahani.

"Hii imelowa," nikasema. "Nikubadilishie."

"Dada, nipe sahani yangu."

"Itakuvunjikia mkononi."

"Darla." Akaichukua tena, pole pole, kama unavyomnyang'anya mtoto kisu. Aliposema tena alisema kwa sauti ya chini, na uso ule uliokuwa umefunguka ulikuwa umefungwa. "Kama hunitaki hapa, niambie. Brynn nimeshamwona. Naweza kwenda, hakuna neno."

Nilimwona akilini akiingia garini na kurudi kwenye chumba chake cha Omaha, akiamini kwamba dada yake anamwonea haya mbele za watu, na sikujua angepita wapi njiani. Nikisema ukweli, watu hamsini watajua alichoniapisha. Nisiposema, ama anakula, ama anaondoka. Na bado, Mungu anisamehe, ulimi wangu ulikuwa unatafuta aina nyingine ya saladi.

"Curt, siyo hivyo. Ni kwamba leo, unajua, nyama ya leo ni ya namna fulani ambayo..."

"Acha kuzungukazunguka, dada."

"Ina wiski!"

Ilitoka kwa sauti niliyokuwa nikiitia ng'ombe enzi za usichana. Banda zima likageuka. "Ina wiski nyingi," nikaendelea, kwa kuwa nilishavunja yai, "na ya mara ya pili haijapikwa, na wewe umeacha pombe, na sitaki uile, na sitaki uondoke. Sitaki kabisa uondoke."

Curt aliweka sahani mezani.

"Najua," akasema. "Nimeinusa tangu kwenye sanduku la barua."

"Unajua? Sasa kwa nini umeichukua?"

"Nilitaka nione kama utaniambia."

Aliongea bila hasira, na hilo ndilo lililonimaliza.

"Miaka kumi na mitano nililewa kwenye sebule yako. Mlinifichia funguo za gari. Mlisogeza glasi yangu nikigeuka. Mliniuliza kama nitapenda kahawa. Hakuna hata mmoja aliyeniambia, Curt, umelewa. Hata wewe, dada."

"Nilidhani ndiyo heshima."

"Ilikuwa heshima. Ilibaki kidogo iniue."

Nililia palepale, mbele ya foleni. Sioni sababu ya kuficha. Nilikuwa nimempenda kaka yangu miaka yote ile kwa kutazama pembeni, na nilijiona mwema.

"Ungeila?" nikamuuliza.

"Sijui," akasema. "Kweli sijui."

Kisha akawageukia wale waliokuwa wakijifanya wanasoma picha za Brynn za utotoni. "Haya, mmesikia. Nimeacha pombe, miezi kumi na minne. Atakayetangulia ghalani awape salamu zangu."

Hakuna aliyejua pa kuweka macho. Aliyetuokoa ni Bi Arlys. Alimeza alichokuwa anatafuna, akautazama mkate wake, akamtazama Curt.

"Hongera sana, mwanangu," akasema. "Wewe umeacha, na mimi naona leo nimeanza." Akauma tena.

Kicheko kilipasuka mpaka banda la jirani wakachungulia. Denny alichota sahani ya paja la nguruwe, akamletea Curt, masikio yamemwiva. Curt alimpiga bega, akasema njaa yake si ya paja.

Basi nilimwachia Denny wageni, nikamvuta kaka yangu jikoni. Kwenye friji ilikuwa imebaki ratili moja ya nyama. Nikatoa kikaango, yeye akakata kitunguu, vipande vikubwa kama kawaida yake. Nyama iliposhika chini, mkono wangu wenyewe ulikwenda kabatini, nikaurudisha. Curt aliona. Akajaza kikombe maji ya bomba, akamimina yeye mwenyewe, nami nikakwangua. Nje tulisikia watu wakimwimbia Brynn.

Ilipoiva niliijaza kwenye mkate nikampa. Hakula. Alikata kipande, akaninyooshea.

"Onja wewe kwanza. Halafu sema."

Nikaonja. Kaka yangu alikuwa amesimama mbele yangu, aproni yangu ya maua kiunoni, anasubiri. Maneno yetu ya kienyeji yalipanga foleni kooni: ni tofauti kidogo, si haba, wengine wangeipenda.

"Mbaya," nikasema. "Mbaya kabisa, Curt. Kama ya shule."

Alicheka mpaka akashika ukingo wa sinki, machozi yakimtoka, kisha akavuta kiti, akala miwili.