Nafasi ya Mbele

Mwigizaji alimimina chai, akaketi kushoto mwa meza, na mpiga kamera akamwachia nafasi tupu upande wa kulia. Mazoea yana taabu. Miaka yote alikuwa akipiga picha za mechi za televisheni, na huko anayekimbia huachiwa nafasi mbele yake.

"Bwana wee, huyu anakunywa chai, hakimbii," mwongozaji wa filamu alimtania. "Nafasi yote hiyo ya nani?"

Beki wa kushoto akaingia kwenye ile nafasi, jezi imelowa jasho, soksi moja ina kiraka. Alitembea kidogo, akashika kifua, akaanguka. Mwigizaji alisogeza kikombe kisije kikamwagika.

Mpiga kamera alimjua. Beki huyo alikuwa amekufa msimu uliopita. Siku ile alianguka vivyo hivyo uwanjani, na sauti ya msimamizi wa matangazo kwenye vipokea sauti ikamwambia mpiga kamera, "Fuata mpira." Akaufuata, sawa na uwanja mzima. Likafungwa bao safi, ambalo linarudiwa mpaka leo. Klabu ikatangaza kwamba marehemu alitoka uwanjani kwa miguu yake, akafia nyumbani kwake. Mjane wake alichotaka ni wakiri tu kwamba alifia uwanjani, lakini picha ya kuwabishia haikuwapo. Mpiga kamera aliona aibu, akaiacha televisheni, akaingia kwenye filamu.

"Abaki," mwongozaji alisema. "Anaanguka vizuri. Tunarudia."

Fundi wa seti alifagia majani ya uwanjani yaliyobaki kwenye zulia. Beki alirudi, akatazama lenzi kwa muda, akaanguka tena. Safari hii mpiga kamera hakumwacha. Alishuka naye mpaka sakafuni, mpaka macho yalipotulia. Machozi yalimtoka, lakini mkono haukutikisika.

Filamu ilipotoka alimwalika mjane, wakaketi pamoja.

"Ndiye, shemeji," mjane alisema taratibu. "Kiraka kile nilikishona mwenyewe."

Kesho yake wakaipeleka filamu klabuni. Katibu wa klabu aliitazama mpaka mwisho, akatoa leso, akapangusa macho. Kusema kweli, alilia kuliko wao.

"Pole sana, dada," alisema. "Filamu imenigusa. Na huyo aliyeigiza kama marehemu, mlimpata wapi? Kafanana naye mno."

Kisha akageukia televisheni ya ukutani, maana walikuwa wakirudia lile bao.