Bi Mkubwa Hana Mzigo

Tangu asubuhi Meneja hakutulia. Alikwenda getini, akarudi. Akaingia kwenye jumba la injini, akatoka bila kujua alifuata nini. Akaweka simu mezani, kisha akaanza kuitafuta mfukoni. Nje ya geti lori la wanunuzi wa vyuma chakavu lilikuwa limeegeshwa kivulini, dereva amevua viatu anasubiri. Amri ya manispaa haikuwa na kona: leo, kabla ya jioni, mtambo wa umeme uzimwe na usiwashwe tena. Na baba yake, mwenye mtambo, aliyelala kwenye chumba kilichogusana ukuta na jumba hilo, alikuwa hajaambiwa hata nusu ya habari.

Umeneja hakuusomea. Baba ndiye aliyempachika jina hilo angali mtoto wa kupanda juu ya mapipa ya dizeli na kuwaamrisha mafundi wamletee soda, likamganda hadi akawa meneja kweli. Baba mwenyewe mji mzima ulimwita Mzee Taa. Enzi zile umeme wa serikali ulikuja bila hodi na kuondoka bila kuaga, naye akanunua injini tatu kuukuu kutoka kiwanda kilichofilisika, akazifufua, akavuta nyaya hadi sokoni, kliniki, bekari na mitaa yote ya nyuma. Watu walimheshimu hadi ikawa kero. Harusi haikupangiwa tarehe kabla hajaulizwa kama mashine zitakuwa nzima. Injini kubwa kuliko zote aliipa jina la Bi Mkubwa, na marehemu mama yake Meneja alikuwa akiwaambia wageni, bila kucheka, kwamba yeye kaolewa mke wa pili.

Kisha umeme wa serikali ukatengemaa. Wateja wakaondoka mmoja mmoja, kila mmoja na kisingizio chake kizuri, na wale wale waliokuwa wakimpigia Mzee Taa magoti wakaanza kulalamikia moshi kwenye nguo zao za kuanika. Huwezi kuwalaumu, moshi ulikuwepo. Ila mtu angeona haya kidogo. Bekari ilijitoa mwisho, na wakati huo Mzee alikuwa kitandani tayari, kifua na moyo vimemwelemea, daktari ameonya asishtuliwe. Meneja akapiga moyo konde. Aliuza injini mbili ndogo, akamwacha Bi Mkubwa azunguke kutwa kucha bila kumpa umeme hata mtu mmoja, ili mzee aendelee kumsikia ukutani. Aliamini kabisa kwamba siku injini ikinyamaza, baba yake naye atanyamaza.

Kila alasiri alisimama mlangoni pa chumba, funguo za gari mkononi, akatoa taarifa: soko linakwenda vizuri, kliniki imeongeza majokofu, bekari wanalalamika kama kawaida yao. Akimaliza, huyo, ameshatoka. Ndani hakuingia, maana uongo wenyewe ulikuwa ukimwasha mwilini, na alijua akikaa tu atalia.

Fundi Grisi, aliyemhudumia Bi Mkubwa tangu ujana wake, hakuupenda mchezo huo. Injini ya dizeli isiyo na mzigo haichomi mafuta yake ikayamaliza. Bomba la moshi lilikuwa limeanza kutema matone meusi juu ya bati.

"Unamuua huyu mama," alimwambia.

"Bora afe yeye," Meneja akajibu.

Leo hapakuwa na pa kukimbilia. Alizunguka uani mara nyingine, akamfokea dereva wa lori kwa kosa la kupiga miayo, hatimaye akaenda chumbani. Shangazi yake, dada wa Mzee ambaye ndiye aliyemwuguza, alikuwa akikunja shuka. Akamtazama Meneja usoni, akaziacha shuka akatoka. Ukuta ulitetemeka kama siku zote, gilasi ya maji ikiimba juu ya kimeza.

"Baba, nina neno," alisema kutoka mlangoni, akipaza sauti kuishinda injini.

"Limefika lori," Mzee akasema.

Meneja akashika fremu ya mlango.

"Nani kakwambia?"

"Nani aniambie?" Alizungumza maneno machache machache, akipumzika katikati, kama bosi anayejua kwamba atasubiriwa. "Injini niliyoilea mimi. Nisijue inafanya kazi... au inapiga domo? Tangu bekari walipojitoa... haijabeba kitu."

"Na zile taarifa zangu?"

"Nilizifurahia sana. Hasa majokofu." Akatabasamu. "Hukurithi kwangu uongo huo. Mama yako huyo."

Meneja alitaka kucheka, akahisi hasira inamtangulia. Miezi yote hiyo ya kununua dizeli, kugombana na majirani, kuwakwepa maofisa wa manispaa, kulala na wasiwasi na kuamka nao. "Sasa kwa nini ulinyamaza, Baba? Nimemwasha kwa ajili yako."

"Najua. Ningesema... ungezima."

"Ningezima, ndiyo!"

Mzee aligeuza uso kuutazama ukuta. "Kelele zake zilikuwa zinanifaa," alisema. Meneja akaelewa alivyozoea kuelewa: mtu na injini yake, mapenzi ya siku nyingi. Hasira ikamwisha, akamwonea huruma.

"Nenda kazime," Mzee akasema. "Wewe mwenyewe. Fundi atalia... halafu tuanze kumbembeleza na yeye."

Kwenye jumba la injini, Fundi alikwishaanza kulia. Meneja akashika mkono wa kukatia mafuta, akausukuma hadi mwisho. Bi Mkubwa akapunguza mwendo, akapiga mapigo mazito yaliyoachana, akatikisika mara moja, akasimama. Zikaanza kusikika sauti ambazo uani pale hakuna aliyewahi kuzisikia: cherehani ya jirani, maji kwenye bomba, dereva wa lori akipiga mluzi. Meneja alijipapasa moyoni, akajikuta yuko salama. Baba alijua, baba hakushtuka, yamekwisha. Akashika njia ya kurudi ndani kumweleza, mara ya kwanza kwa miezi mingi akitembea polepole.

Kwenye ukumbi akasikia kitu kinakwaruza, mithili ya meza nzito inayoburutwa sakafuni: ikivutwa, ikisimama, ikivutwa tena. Akadhani wapakiaji wa lori wameshaanza kazi bila ruhusa. Shangazi alikuwa amesimama nje ya chumba, kiganja mdomoni, na hakuinua macho.

"Alinikataza nisikwambie," shangazi akasema.

Ilikuwa pumzi ya baba yake, ambayo kelele za Bi Mkubwa zilikuwa zikiifunika. Meneja alipotokeza mlangoni Mzee alimwona, akaibana, akaibana kwa nguvu zake zote mpaka mishipa ya shingo ikamtoka, lakini ikamshinda, ikatoka na mkwaruzo ule ule uliojaa chumba kizima.

"Njoo," alisema, akapumzika kitambo kirefu. "Njoo ukae."

Meneja akaweka funguo chini, akaingia, akakaa.