Pampu Iliyolala Majivuni

Laker alipoitwa mbele ya jopo, alikuta Kanali Oyat keshamwamulia moyoni.

Mafunzo ya uofisa yalikuwa yamekwisha. Kila mmoja alijaza fomu yenye machaguo matatu ya kikosi, kisha maofisa watatu wakapima alama, wakatazama jeshi linahitaji nani wapi, wakasema wewe huku, wewe kule. Ukishapangwa umepangwa, utazeekea hukohuko.

"Hapa kuna mistari mitatu, binti," kanali alisema. "Umeandika wahandisi, wahandisi, wahandisi."

"Ndiyo, afande. Sikuwa na neno lingine."

"Mwandiko wako mzuri. Sisi tunakuona utawala, ofisini. Kule kuna kivuli."

"Kivuli nilikiacha mtaani Katwe, afande, chini ya mabati ya mafundi."

Maofisa wawili wakacheka. Kanali hakucheka, lakini aliishika kalamu bila kuandika. Nafasi ya uhandisi ilibaki moja, na Ochan, kijana mwenye mikono myepesi kuliko wote, aliitaka pia. Basi kanali akaamua: kesho asubuhi kila mmoja apewe kasha la pampu ya maji lililopasuka, alichomelee. Filimbi ya saa sita ikilia, kazi iwe mezani. Meza tupu, sifuri.

Laker alipoliona lile kasha alilijua mara moja. Kilikuwa chuma cha kumimina kwenye kalibu, kigumu kama jiwe na chenye hasira kama jiwe lililotiwa motoni. Alikua nacho. Bibi yake, Jaja Abwola, mjane wa askari kutoka kaskazini, aliuza chai Katwe kando ya karakana ya Faruk. Faruk akimaliza kuchomelea chuma cha namna hiyo, alikileta kikiwa bado chekundu, akakizika katika majivu ya jiko la jaja. Na jaja alikilinda kuliko birika lake. Mwenye haraka akinyoosha mkono kukifukua, alipigwa na mwiko.

"Hiki ni mtoto mwenye homa," alikuwa akimwambia Laker. "Ukimmwagia maji ya baridi umemuua. Mfunike, jasho litoke lenyewe."

Basi asubuhi ile, Ochan alipokuwa tayari anatoa cheche, Laker alikwenda jikoni kwa wapishi wa kambi, akarudi na makaa na debe la majivu ya moto.

"Eh, Laker!" Ochan akapaza sauti. "Umefungua hoteli? Mihogo inaiva saa ngapi?"

"Itaiva. Wewe leta chumvi."

Alilipasha kasha moto polepole juu ya makaa, akachomelea kidogo, akangoja, akachomelea tena. Akalizika. Ilikuwa imebaki nusu saa. Ochan alilisawazisha lake mpaka dakika za mwisho, akalitumbukiza kwenye ndoo ya maji, likalia shiii, akalifuta likang'aa. Filimbi ikalia. Kasha la Ochan lilikuwa mezani. Meza ya Laker ilikuwa tupu kama sahani ya mgeni aliyeshiba.

"Kazi iko wapi?" kanali aliuliza.

"Ndani ya majivu, afande."

"Itoe."

Laker alilitazama debe. Mkono mmoja tu ndani ya lile debe, na meza isingekuwa tupu. Ule uhandisi aliouota tangu akibeba vikombe vya chai ulikuwa pale, mbali naye hatua mbili.

"Afande, nikilitoa sasa litapasuka. Niandikie sifuri."

Kanali akainama juu ya karatasi, na kabla wino haujagusa, kitu kikalia juu ya meza ya Ochan: tak!

Watu wakageuka. Ufa mwembamba kama unywele ulikuwa umepita kando ya ule mshono uliong'aa, kutoka ukingo hadi ukingo.

Kanali aliupima ule ufa kwa ukucha. Akafunika kalamu. "Tutakula kwanza," akasema.

Saa kumi walilifukua lile debe. Kasha lilitoka vuguvugu, limepakaa majivu, halina uzuri wowote. Wakalifunga kwenye pampu, wakawasha mashine. Maji yakapanda, yakaruka nje ya bomba mpaka yakalowesha viatu vya wale maofisa wawili. Kasha lenyewe halikuvuja hata tone.

"Nafasi ni moja," Kanali Oyat alisema, "na pampu inayotoa maji ni moja. Nani alikufundisha?"

"Jaja yangu, afande. Muuza chai."

Kanali akaandika neno moja tu. Wahandisi.

Ochan ndiye aliyempigia saluti wa kwanza, akicheka huku macho yamemlowa. "Mihogo imeiva, afande! Mimi sina chumvi."

Jumamosi Laker aliingia Katwe amevaa sare, na mafundi wakagonga mabati kwa nyundo mtaa mzima. Faruk alipiga kelele kuliko wote. Jaja Abwola hakuinuka. Alimmiminia chai, akaigusa ile nembo mpya begani kwa kidole, taratibu, kana kwamba bado ina moto.

"Mwambie huyo kanali," alisema, "majivu yakimwishia, aje. Mimi ninayo."