Mapumziko ya Fundi Zege

Asubuhi ya mwaka mpya, fundi cherehani alikuwa barazani akibadilisha sindano ya mashine yake wakati mumewe alipoingia, vumbi la saruji limemjaa kuanzia nyusi hadi buti. Mume huyo, fundi zege, alikuwa amekufa tangu Agosti.

"Vua hayo mabuti," mama yake akamwambia kutoka ndani. "Nimetoka kupiga deki sasa hivi."

Akavua. Mkewe alimchemshia maji ya kuoga, na walipokaa kula akawaeleza yaliyomkuta. Ukuta wa jukwaa la mashariki la uwanja mpya wa taifa ulimwangukia. Ufunguzi ulikuwa umekaribia na wakubwa walikuwa na haraka, basi wakamwaga zege juu yake, kazi ikaendelea. Sasa jukwaa limemkalia mabegani, na watu wakijaa halafu yeye akaliachia, litapasuka. Ila sheria ya kazi ni sheria ya kazi: sikukuu ya kitaifa, uwanja ukiwa mtupu, anapumzika.

"Na sisi tukaambiwa umetoroka kazini," mkewe akasema.

"Nitoroke niende wapi, na nyumba ninayo?"

Mkewe akacheka, kisha akalia, kisha akamwongezea mchuzi. Miezi yote ile alikuwa akijiuliza amemkosea nini. Alishukuru kuliko alivyowahi kushukuru maishani.

Kesho yake mume alikuwa amesharudi uwanjani. Mke akavaa gauni la heshima, akaenda kwenye ofisi ya kampuni iliyojenga uwanja, akataka jina la mumewe litolewe kwenye orodha ya watoro. Karani alimsikiliza vizuri tu, kijana mwenye adabu zake.

"Sawa, mama. Mwambie aje mwenyewe."

"Anatoka siku za sikukuu tu."

"Sikukuu tunafunga, mama."

Ndivyo fundi cherehani alivyoanza kuipenda serikali. Redio haikuzimwa tena nyumbani kwake, na mwaka ule, jamani, ulikuwa na neema. Mei Mosi mume alikuja, akaziba ufa wa jikoni. Timu ya taifa ilipotwaa kombe, kesho yake ikatangazwa mapumziko, akaja akalala mchana kutwa. Kiongozi mstaafu alipofariki, taifa zima likapumzika kwa maombolezo. Fundi cherehani alimlilia yule mzee kwa dhati, kisha akafuta machozi akakimbilia buchani kabla hawajafunga. Siku ya uchaguzi mume alikwenda kupiga kura, na jina lake likaonekana daftarini bila shida yoyote.

"Afadhali huko wanakukumbuka," mama yake akasema.

Ikabaki Siku ya Uhuru. Binti yao alichaguliwa kwenye halaiki, na siyo kusimama pembeni kupunga kitambaa. Yeye ndiye wa juu kabisa kwenye mnara wa watoto, amepanda mabegani mwa wenzake na bendera mkononi. Alimwambia baba yake siku ile ya uchaguzi. Baba akaacha kula.

"Siku hiyo siji, mwanangu. Uwanja utajaa."

"Si utakuwa hapo hapo uwanjani?"

"Nitakuwepo. Kuona ndiyo sitaona."

Mtoto akanuna, akasusa chakula. Fundi cherehani akamwambia mumewe, "Basi nitakaa juu yako nikusimulie."

Siku ilipofika alidamka mapema, akapata nafasi jukwaa la mashariki, mahali alipoelekezwa na mumewe. Halaiki ilipoanza akainama kuelekea miguuni pake. "Wanaingia. Sare imemkaa vizuri, nimeipunguza kiuno. Sasa anapanda. Goti linamtetemeka, ngoja... Ametulia. Kasimama! Mume wangu, kasimama, bendera iko juu!"

Kiti kikagongwa mara mbili kutoka chini. Jirani yake alisogea kidogo kumpa nafasi.

Kisha mgeni rasmi akashika kipaza sauti. Aliusifu uwanja. Alisema umejengwa kwa kasi ya ajabu na hakuna mfanyakazi hata mmoja aliyepata mkwaruzo; waliopungua ni watoro wachache tu, na taifa haliwahitaji. Watu wakapiga makofi. Fundi cherehani aliikunja mikono yake, akaitazama mapajani.

"Na kwa kuwa sherehe imefana," mgeni rasmi akaendelea, "kesho nayo itakuwa siku ya mapumziko, nchi nzima."

Fundi cherehani alisimama kabla ya watu wote. "Asante!" akapiga kelele. "Asante, mheshimiwa! Mungu akuweke!" Alipiga makofi mpaka viganja vikawaka moto, na kamera ya televisheni ikageuzwa kumwelekea, kwa sababu hakuna aliyefurahi kama yeye.

Kesho yake mume aliingia taratibu, mabega yamevimba. Alivua buti bila kuambiwa. Binti akavaa sare, akapanda juu ya meza ya kukatia vitambaa na kuinua bendera, na baba yake akamtazama toka mwanzo hadi mwisho, kisha akamwomba arudie. Mtoto akarudia, akarudia tena, hadi bibi yake akalalamika kuhusu meza.

Jioni mume alikula, akawashukuru, akafunga kamba za buti na kuwaaga. Mkewe alitaka akae japo mpaka redio imalize habari, lakini hakuweza. Jumamosi kulikuwa na mechi, na tiketi zote zilikuwa zimeisha.