Maiki Iliyosahaulika Shatini

Evaresta alikuwa amehariri picha kwa miaka kumi na minne, akianzia video za harusi na kipaimara, hadi alipoajiriwa na kampuni ndogo ya filamu pale Sekei. Wenzake walikwenda kurekodi. Yeye alibaki ofisini kukata picha, kuzipanga na kusafisha sauti. Wengi aliowahariri hakuwahi kuonana nao ana kwa ana.

Mwaka mmoja walikuwa wakitengeneza filamu ya televisheni kuhusu wakulima wa kahawa wa Meru. Mmoja wao alikuwa Mzee Gerson wa Akheri, mtu mrefu, mkavu wa maneno, aliyejibu maswali yote ya bei na mbolea bila kutabasamu hata mara moja. Majuma matatu baada ya kurekodiwa, alifariki ghafla.

Siku chache baada ya mazishi, Evaresta aligundua kwamba mahojiano yalipokwisha hakuna aliyekumbuka kuitoa maiki shatini mwa mzee. Kamera ilikuwa imegeuziwa migomba, lakini sauti iliendelea kuingia. Zilisikika hatua zake, kisha mlango wa banda la ng'ombe. Halafu mzee akaanza kulia.

"Yoeli, mwanangu," alisema. "Ni mibuni tu. Ungeing'oa yote, ningepanda mingine. Nisamehe."

Evaresta akavua hedifoni, akatoka kibarazani, akakaa huko kwa muda.

Ephraimu, mwongozaji wa filamu, aliisikiliza sauti ile mara moja tu.

"Tumepata mwisho wetu," alisema. "Tunaweka picha ya migomba, na sauti hii juu yake."

"Hakujua kama maiki iko wazi."

"Ameshafariki, Eva. Haitamuumiza."

"Mke wake yupo."

Ephraimu hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa ameutafuta mwisho wa filamu ile kwa miezi miwili. Akasugua uso kwa viganja. "Basi kamuulize," alisema.

Jumamosi Evaresta akapanda kwenda Akheri na laptopu yake. Mjane, ambaye majirani walimwita Mama Yoeli, alimpokea sebuleni.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Karibu."

Evaresta alitoa pole ya msiba, kisha akaeleza kilichomleta. Mama Yoeli akamsimulia.

"Yoeli alikuwa mtoto wetu wa pekee. Aling'oa mibuni ya baba yake apande nyanya. Baba yake akamwambia asikanyage tena hapa. Akaenda machimboni, kifusi kikamfukia. Tangu tumzike, mume wangu hakulitaja jina lake. Miaka kumi na moja. Mtu akiniita Mama Yoeli, yeye anainuka anatoka nje. Nikasema huyu hana uchungu. Nimempikia, nimemfulia, na moyoni nilikuwa nimemchukia."

Evaresta akamvisha hedifoni, akabonyeza. Mama Yoeli alisikiliza macho yakiwa yameganda mezani. Akaomba arudishiwe. Mara ya tatu alianza kuijibu ile sauti kwa Kimeru, taratibu, maneno ambayo Evaresta, asiyejua lugha hiyo, hakuyaelewa. Alitazama pembeni mpaka mama alipomaliza.

"Msiiweke kwenye televisheni," Mama Yoeli alisema, akifuta macho kwa ncha ya kanga. "Hayo hakuwaambia watu."

"Sawa, mama."

"Ila mimi niachie."

Evaresta aliihamishia sauti kwenye simu ya mama, akamwonyesha pa kubonyeza, akamsubiri ajaribu mwenyewe mara mbili.

Ephraimu alichukia, na kwa siku kadhaa waliongea ya kazi tu. Filamu ilirushwa mwezi Machi, ikaishia kwenye mavuno. Mtu wa kituo cha televisheni alisema ni nzuri, ila mwisho wake umepoa. Evaresta hakubishana naye.

Wiki hiyohiyo alimwambia Ephraimu kwamba anaifuta ile sauti kwenye kompyuta za ofisi, kwa kuwa hakutaka kulifanya jambo hilo kwa siri. Ephraimu akaja, akasimama nyuma ya kiti chake, akatazama mpaka ilipofutika. Kisha akavuta kiti, akauliza kama Mama Yoeli angemruhusu afike kwenye kaburi la mzee.