Mwendo wa Mzee Gama

Usingizi hauna adabu, hauulizi mgeni yuko kwa nani. Unamkuta Skola Gama uani kwa Bibi Semhongole, jua la saa tano linampiga magotini, kamera imesimama kwa miguu yake mitatu, na bibi mwenyewe amegoma kusema. Miaka nenda rudi Skola anatengeneza filamu za kweli, za vita vya kale na watu waliosahau wao ni nani, na leo anamtafuta mtu wake: babu wa babu yake, Mngoni aliyetekwa na Wahehe akabaki hukuhuku Uhehe, hana picha, hana kaburi, hana hata sura ya kusimuliwa. Bibi huyu ndiye wa mwisho mwenye habari zake. Akifunga mdomo, ndiyo basi. Skola anafumba macho kidogo tu, na ua unageuka barabara.

Barabara inajikunja, inarudi, inanyooka tena, inamfikisha kwenye mji wa nusu mbili, huku Ungoni, kule Uhehe, mlango unautazama mlango kama mtu na kioo chake, na wapitao hawana nyuso, laini kama yai. Mmoja anamshika mkono. Nyuso zenu ziko wapi? Skola anauliza. Si wewe uliyetupiga picha? anajibu yule, ulitaka tulie tu, tukalia mpaka zikafutika. Basi nionyeshe babu yangu. Hayuko kwa waliomlilia, yuko kwa waliomcheka. Skola anamsonya, anavukia upande wa pili, anakuta msiba wa vicheko, maana hawa Wangoni na Wahehe waliochinjana zamani leo ni watani, na mtani mmoja amevaa koti la marehemu anamwigiza, wafiwa hawana mbavu, na kila anayecheka uso unamrudia, pua kwanza, kisha macho. Wewe Mngoni, mbona umenuna kama umekuja kukamata maiti? mwenye koti anamwambia. Nyie mlikimbia vita mpaka vivuli vikachelewa. Na Skola, aliyezoea kuwahoji wazee kwa sauti ya hakimu, anajisikia akijibu: Tulikimbia harufu ya mapishi yenu.

Kicheko kinapasuka, sijui huku, sijui kule. Ni Bibi Semhongole, anafuta machozi kwa khanga. Kumbe mdomo unao hata usingizini, mtani, anasema. Tangu asubuhi unaniuliza kama polisi, nikadhani nimeua mtu. Anainuka, anajifunga khanga kiunoni, anaukatiza ua: goti la kushoto linachelewa, kidevu juu, mkono mgongoni kama chifu aliyesahau alikoacha jembe. Hivi ndivyo alivyokwenda mtu wenu. Baba alinifundisha, naye alifundishwa na babake. Tulimcheka, tukamcheka, mwisho tukampa binti.

Taa nyekundu ya kamera inawaka, na Skola hakumbuki kuiwasha. Anajipapasa uso. Upo, ila kama ndio kwanza anarudishiwa, nani wa kumwambia? Anainuka polepole, anamfuata bibi nyuma, na goti lake la kushoto nalo linachelewa.